Maharamia Mlangoni: Filamu ya The Pirates of Penzance (1983) na Historia ya Haki ya Kuonyesha

Ikisiri

Makala hii inafuatilia safari ya opereta ya vichekesho ya W. S. Gilbert na Arthur Sullivan, The Pirates of Penzance, kutoka jukwaa la New York la mwaka 1879 hadi filamu iliyotolewa na kampuni ya Universal mwaka 1983. Filamu hiyo imezoeleka kutajwa kama mfano wa opereta iliyoshindwa kuhamia kwenye skrini. Makala inadai kwamba hukumu hiyo imejengwa juu ya ushahidi usiotosha, kwa kuwa filamu haikupewa nafasi ya kukataliwa na watazamaji. Ilikataliwa na wenye milango. Mgogoro huo unasomwa hapa sambamba na mgogoro wa hakimiliki ulioizaa opereta yenyewe zaidi ya miaka 100 kabla.

1.0 Utangulizi

Tarehe 18 Februari 1983 kampuni ya Universal ilifungua filamu ya The Pirates of Penzance katika majumba ya sinema ya Marekani, na siku hiyohiyo ikaiuza nyumba kwa nyumba kupitia huduma za televisheni ya kulipia. Mtazamaji mwenye king'amuzi aliweza, kwa takriban dola 10, kukaa sebuleni pamoja na jamaa zake wote na kuitazama filamu mpya kabisa bila kupanga foleni. Jambo hilo leo halimshangazi mtu. Wakati ule halikuwa limewahi kufanywa na kampuni kubwa ya Hollywood kwa filamu ya daraja hilo, na wamiliki wa majumba ya sinema walilipokea kama tusi. Walio wengi walikataa kuikodi. Filamu ikaonyeshwa katika majumba 92 tu, katika nchi yenye maelfu ya skrini, na mapato yake ya mlangoni hayakufika dola 700,000.

Ukiitazama hesabu hiyo peke yake, hukumu ni nyepesi: filamu ilianguka. Ndivyo inavyotajwa mara nyingi, kwa sentensi moja, katika maelezo ya jumla kuhusu sinema ya muziki ya miaka ya 1980. Tatizo la hukumu hiyo ni kwamba inachanganya mambo mawili yasiyofanana. Kitabu ambacho hakikununuliwa dukani hakiwezi kuwekwa kundi moja na kitabu ambacho mwenye duka alikataa kukiweka kwenye rafu. Katika hali ya kwanza msomaji ametoa uamuzi. Katika ya pili msomaji hakuulizwa.

Ipo sababu nyingine ya kuirudia historia hii, na sababu hiyo imo ndani ya lugha yenyewe. Katika Kiswahili neno haramia limebeba maana ya mnyang'anyi wa baharini na wa njiani, na katika miongo ya karibuni limepanuka kumhusu mtu anayenakili na kuuza kazi ya msanii bila idhini. Opereta ya Gilbert na Sullivan ni ya maharamia wa aina ya kwanza, lakini ilizaliwa katika vita dhidi ya maharamia wa aina ya pili. Filamu yake nayo ikaingia sokoni wakati kampuni iliyoitengeneza ilipokuwa mahakamani ikiwatetea wenye hakimiliki dhidi ya mashine ya kurekodi. Uhusiano huo si mapambo ya maneno tu, kama sehemu zifuatazo zinavyojaribu kuonyesha.

2.0 Opereta iliyozaliwa kwa hila ya kisheria

Chanzo cha yote ni opereta nyingine. H.M.S. Pinafore ilifunguliwa London katika ukumbi wa Opera Comique tarehe 25 Mei 1878 na kuendelea kwa maonyesho 571. Novemba ya mwaka huohuo ilionyeshwa Boston bila idhini ya watunzi wake, na ndani ya miezi michache vikundi vya kila aina vilikuwa vikiicheza kotekote Marekani: vya watu wazima, vya watoto, vya makanisa. Wimbi hilo la umaarufu halikuwapatia Gilbert, Sullivan wala mfadhili wao Richard D'Oyly Carte chochote. Wakati huo hapakuwa na mkataba wowote wa hakimiliki kati ya Uingereza na Marekani. Sheria ya Marekani iliwalinda raia na wakazi wake. Kazi ya mgeni ikishachapishwa ilikuwa mali ya yeyote aliyeiokota. Ulinzi wa wageni ulianza kutambuliwa, tena kwa masharti, mwaka 1891, na Marekani haikujiunga na Mkataba wa Berne wa 1886 hadi mwaka 1989.

Jibu la watatu hao lilikuwa kuvuka bahari wenyewe. Walifika New York mwishoni mwa 1879, wakaonyesha Pinafore yao halali tarehe 1 Desemba katika ukumbi wa Fifth Avenue, kisha tarehe 31 Desemba wakaifungua opereta mpya, The Pirates of Penzance, huku Sullivan mwenyewe akiongoza okestra. Mpango ulikuwa huu: kazi isiyochapishwa bado ilikuwa na kinga fulani katika sheria ya kawaida ya Marekani, kwa hiyo maneno na noti zisingechapishwa, zingebaki katika hati za mkono, na watunzi wangekusanya mapato ya miji mikubwa kwa vikundi vyao vya kusafiri kabla wezi hawajapata nakala. Sullivan alikuwa ameacha rasimu za tendo la kwanza Uingereza na akalazimika kuzitunga upya kutoka kumbukumbu akiwa New York, kazi ambayo mtu hawezi kuisoma bila kumwonea huruma.

Uingereza nako kulikuwa na mtego wake. Kazi iliyoonyeshwa kwanza nje ya himaya ingeweza kupoteza haki ya maonyesho nyumbani. Kwa hiyo siku moja kabla ya ufunguzi wa New York, tarehe 30 Desemba 1879, kikundi kilichokuwa kikizunguka na Pinafore kiliicheza opereta mpya mara moja tu katika ukumbi mdogo wa Royal Bijou mjini Paignton, Devon. Waigizaji walishika karatasi mkononi kwa kuwa hawakuwa na muda wa kuhifadhi maneno. Walivaa sare zao za mabaharia wa Pinafore na kujifunga leso kichwani ili waonekane maharamia. Huenda hilo ndilo onyesho baya zaidi katika historia ya opereta hii, na pia ndilo lililokuwa na thamani kubwa kuliko yote kisheria.

Je, hila ilifaulu? Kwa sehemu tu. Mapato ya Marekani yalikuwa mazuri kuliko yale ya Pinafore, lakini nakala zisizo halali hazikukoma. Kesi iliyoonyesha ukomo wa mbinu hizi ilikuja mwaka 1885 kuhusu opereta nyingine yao, The Mikado. Safari hii Carte alimwajiri Mmarekani, George Lowell Tracy, kuandaa mpangilio wa piano wa muziki wa Sullivan, ili mpangilio huo usajiliwe kwa jina la raia na kupata ulinzi. Mahakama ya New York haikushawishika. Jaji aliona kwamba maneno na noti za waimbaji zikishachapishwa, yeyote anaweza kuzitengenezea okestra yake mwenyewe na kuionyesha opereta. Carte alishindwa. Wazo la kumiliki kazi kupitia mpangilio wake, hata hivyo, halikufa siku hiyo. Litakutwa tena mbele.

3.0 Mtumwa wa wajibu

Kisa chenyewe hakihitaji maelezo marefu, ila mambo machache ni lazima yasemwe kwa sababu filamu inayategemea. Kijana Frederic alikabidhiwa kwa maharamia akiwa mtoto kwa kosa la masikio: yaya wake, Ruth, aliagizwa ampeleke akajifunze kazi ya rubani wa meli, naye akasikia haramia. Katika Kiingereza maneno hayo mawili yanakaribiana mno kwa sauti. Mfasiri wa Kiswahili angepata shida hapa, maana rubani na haramia hayachanganyiki hata kwa kiziwi. Angelazimika kubuni kosa jingine kabisa. Frederic anapotimiza miaka 21 anawaaga maharamia na kuapa kuwaangamiza, kwa kuwa wajibu unamtaka hivyo. Kisha anaelezwa kwamba alizaliwa tarehe 29 Februari, na mkataba wake haukuhesabu miaka bali siku za kuzaliwa. Kwa hesabu hiyo ataendelea kuwa haramia hadi mwaka 1940. Anakubali bila kunung'unika, na kumwomba mchumba wake Mabel amsubiri.

Jina la pili la opereta ni "mtumwa wa wajibu", na dhihaka yake imeelekezwa kwa mtu anayeliheshimu andiko la mkataba kuliko maana yake. Gilbert alikuwa amesomea sheria na kuwahi kufanya kazi ya uwakili. Opereta iliyotungwa ndani ya msitu wa vifungu vya hakimiliki inamcheka mtu aliyefungwa na kifungu kimoja cha mkataba. Wahakiki wengi wameipita nukta hii haraka, wakiiona dhihaka hiyo kuwa ya maadili ya enzi ya Victoria kwa ujumla. Ni hivyo pia. Lakini ni vigumu kuamini kwamba mwanasheria aliyekuwa ametoka kuibiwa opereta nzima kwa mujibu wa sheria alichagua kisa hicho bila kuwaza hali yake.

4.0 Kutoka bustani hadi studio

Uingereza, D'Oyly Carte Opera Company ilizihodhi opereta hizi kwa muda mrefu na kuzionyesha kwa kufuata kwa uaminifu mkubwa maelekezo ya jukwaani yaliyorithiwa kutoka kwa Gilbert. Hakimiliki ya maneno yake iliisha mwishoni mwa 1961, miaka 50 baada ya kifo chake. Kabla ya hapo mtengenezaji wa filamu aliyetaka kuigusa kazi hizo Uingereza alihitaji baraka za kampuni. The Mikado ya mwaka 1939, iliyoongozwa na Victor Schertzinger kwa rangi za Technicolor, ilipata baraka hizo: Martyn Green na Sydney Granville walitoka katika kampuni, na kwaya yake pia. Nyota wa kuwavuta Wamarekani, mwimbaji Kenny Baker, ndiye aliyeletwa kutoka nje. Ni filamu nzuri kwa macho, lakini ina heshima kupita kiasi. Kamera inasimama kama mgeni aliyeambiwa asiguse vyombo.

Marekani hapakuwa na mwenye nyumba wa kuombwa ruhusa. Ukosefu uleule wa sheria uliomuumiza Carte uliwaachia Wamarekani uhuru ambao Waingereza hawakuwa nao, na mwaka 1980 Joseph Papp aliutumia hadi mwisho. Papp alikuwa mwanzilishi wa New York Shakespeare Festival, taasisi iliyojipatia jina kwa kuonyesha tamthilia bila kiingilio katika ukumbi wa wazi wa Delacorte ndani ya bustani ya Central Park. Badala ya Shakespeare, kiangazi cha mwaka huo alileta The Pirates of Penzance. Mwongozaji alikuwa Wilford Leach, mpangaji wa dansi Graciela Daniele, na William Elliott akaufumua muziki. Nyuzi za fidla ziliondoka. Zikaingia sinthesaiza, marimba na ngoma. Wimbo mmoja uliazimwa kutoka Ruddigore na mwingine kutoka Pinafore. Sehemu za wapenzi walipewa Linda Ronstadt na Rex Smith, ambao hawakutoka katika opera bali katika muziki wa rock na pop. Kevin Kline akacheza Mfalme wa Maharamia kama mtu anayejipenda sana lakini anayejikwaa kila anapotaka kuonekana shujaa.

Wapo walionung'unika kwamba Sullivan ameharibiwa. Hoja yao haikuwa tupu: mpangilio wa Elliott unapoteza ulaini wa sehemu za okestra ambazo Sullivan alizitunga kwa makusudi zisikike kama opera ya kweli, ili kichekesho kitokane na muziki mzito unaoimba upuuzi. Sinthesaiza inacheka pamoja na maneno. Okestra ya Sullivan haikucheka, na ndiyo maana hadhira ilicheka. Hata hivyo uamuzi wa Leach ulirudisha kitu ambacho heshima ya muda mrefu ilikuwa imekizika, yaani hatari. Mtazamaji wa Delacorte hakujua kitakachofuata, jambo ambalo mtazamaji wa kawaida wa D'Oyly Carte alilijua hadi mkao wa vidole.

Onyesho lilihamia Broadway Januari 1981, likapata tuzo za Tony za onyesho bora lililofufuliwa, mwongozaji bora na, kwa Kline, mwigizaji bora wa kiume katika tamthilia ya muziki. Lilifungwa Novemba 1982 baada ya maonyesho 787. Mei ya mwaka huo lilikuwa limekwisha funguliwa London, katika ukumbi wa Drury Lane. D'Oyly Carte Opera Company ilikuwa imefunga milango yake mwezi Februari mwaka huohuo kwa kukosa fedha. Miezi mitatu tu inatenganisha matukio hayo mawili, na pengine hakuna mfano ulio wazi zaidi wa urithi kubadilisha mikono.

Filamu ilipigwa Uingereza, katika studio za Shepperton. Leach aliiongoza mwenyewe, na waigizaji wakuu wa jukwaani walibaki, akiwamo George Rose kama Meja-Jenerali Stanley na Tony Azito kama Sajini wa polisi mwenye viungo vinavyokunjika kama mpira. Badiliko kubwa lilikuwa Angela Lansbury katika nafasi ya Ruth. Mpiga picha alikuwa Douglas Slocombe, ambaye miaka miwili kabla alikuwa amepiga Raiders of the Lost Ark.

Swali la kwanza la uhawilishaji wowote wa opereta ni hili: mtu atafanyaje aimbe mbele ya kamera bila kuonekana mwendawazimu? Jukwaani watu wote wamekubaliana kwamba kuimba ni kuongea. Kamera haikubali makubaliano hayo kirahisi, kwa kuwa inapenda mawe, majani na jasho. Filamu nyingi za aina hii zimejaribu kuitoa opereta nje, kwenye bahari ya kweli na jua la kweli, na matokeo yake ni waimbaji wanaoonekana wamepotea njia wakielekea ukumbini. Leach na msanifu wa mandhari Elliot Scott walichagua kinyume. Ufuko, bahari na kasri vilijengwa ndani ya studio, vikaachwa vionekane vimejengwa. Kwa uamuzi huo mmoja shaka ya mtazamaji inaondolewa, maana katika ulimwengu ambao hata mawimbi ni ya kutengenezwa, kuimba hakuhitaji kusamehewa.

Filamu ina udhaifu wake. Baadhi ya vichekesho vya mwili vilivyofaa ukumbi mkubwa vinakuwa na kelele mno vinaposogelewa na kamera, na katikati ya tendo la pili mwendo unalegea. Lakini kuna tukio moja ambalo peke yake linatosha kuifanya ichunguzwe na mwanahistoria. Polisi na maharamia wanapofukuzana, vurugu yao inavamia jumba la maonyesho ambamo kikundi kingine kinaonyesha H.M.S. Pinafore. Maharamia wanaivamia, mbele ya hadhira iliyolipa, opereta ileile ambayo wizi wake ndio uliosababisha wao wenyewe watungwe. Kama watengenezaji walilikusudia hilo au walitaka tu kuwafurahisha wapenzi wa Gilbert na Sullivan, maana yake haibadiliki.

5.0 Milango miwili

Ili kuelewa kilichotokea Februari 1983 ni lazima kurudi nyuma hadi mwaka 1948. Mei ya mwaka huo Mahakama ya Juu ya Marekani iliamua katika kesi dhidi ya Paramount na kampuni nyingine kwamba mfumo wa studio kutengeneza filamu, kuzisambaza na pia kumiliki majumba ya kuzionyeshea ulivunja sheria za ushindani. Studio zikalazimika kuachana na majumba hayo. Tangu hapo mtengenezaji na mwenye mlango wakawa watu wawili wenye masilahi mawili, wanaohitajiana na kushukiana. Mlango ndio ulikuwa mtaji wote wa mwenye jumba. Filamu mpya ilipatikana kwake na si kwingine, kwa miezi kadhaa, kabla ya kwenda kwenye kaseti na televisheni. Upekee huo wa muda haukuandikwa katika sheria yoyote. Ulikuwa desturi, na kama desturi nyingi ulionekana wa milele hadi siku mtu mmoja alipoamua kutoufuata.

Universal walikuwa na sababu zao. Nyumba zenye televisheni ya kulipia ziliongezeka haraka, na opereta ya mwaka 1879, hata ikiwa na nyota wa rock, haikuwa aina ya filamu inayojaza majumba kwa wiki nyingi. Aidha, Agosti 1982 ilikuwa imetoka The Pirate Movie, filamu iliyotengenezwa Australia ikichezea kisa hichohicho na vijana wawili maarufu wa wakati huo, nayo ilipokewa vibaya mno. Mtu wa masoko angeweza kuhoji kwa haki kama umma unataka maharamia wa Penzance mara mbili ndani ya mwaka mmoja. Kuuza usiku mmoja sebuleni kulionekana njia ya kupata hadhira iliyotawanyika, isiyoweza kukusanywa ukumbini.

Hapa ndipo historia inapokuwa na kejeli ambayo Gilbert angeifurahia. Tangu mwaka 1976 Universal, pamoja na Disney, walikuwa wameishtaki Sony kwa sababu ya mashine ya Betamax, wakidai kwamba kurekodi vipindi vya televisheni nyumbani ni kukiuka hakimiliki na kwamba mtengenezaji wa mashine anawajibika. Mahakama ya chini iliwakatalia mwaka 1979, mahakama ya rufaa ikawakubalia mwaka 1981, na shauri likafika Mahakama ya Juu. Hoja zilisikilizwa huko tarehe 18 Januari 1983. Mwezi mmoja kamili baadaye, kampuni iliyokuwa imesimama mbele ya majaji ikililia hatari ya sebule yenye mashine ya kurekodi ilipeleka filamu yake mpya moja kwa moja katika sebule hizohizo. Huduma za kulipia nazo zilikuwa zikisumbuliwa na watu waliotengeneza vifaa vya kufungulia mawimbi bila malipo. Katika kesi ya Sony uamuzi ulitoka Januari 1984, majaji watano dhidi ya wanne, na Universal wakashindwa.

Msimamo huo haukuwa na ukinzani machoni pa kampuni yenyewe, na si vigumu kuona kwa nini. Katika mambo yote mawili Universal walidai kitu kimoja: kwamba mwenye hakimiliki ndiye wa kuamua kazi ionekane wapi, lini na kwa bei gani. Betamax ilimpa mtazamaji uamuzi huo, desturi ya majumba ilimpa mwenye mlango, na studio iliutaka wenyewe. Wamiliki wa majumba walielewa vizuri kwamba suala halikuwa filamu hii moja. Wangeweza kuikodi, maana hasara yao isingekuwa kubwa, lakini kuikodi kungekuwa kukiri kwamba mlango wao haukuwa tena wa lazima. Waliikataa opereta ya miaka 103 ili kuzuia kanuni, na hawakuhitaji kuitazama ndipo waikatae.

Kwa hiyo anayeuliza kama watazamaji wa 1983 waliipenda filamu hii anauliza swali ambalo takwimu za mlangoni haziwezi kulijibu. Majumba 92 si sampuli ya taifa. Ni mabaki ya mgomo. Inawezekana kabisa kwamba hata ingepewa skrini 1,000 isingefanya vizuri. Miaka hiyo ilikuwa migumu kwa sinema ya muziki ya aina hii, na kivuli cha The Pirate Movie hakikuwa kidogo. Lakini kati ya kusema inawezekana na kusema ilithibitika kuna umbali, na umbali huo umefutwa katika maandishi mengi kwa sababu tu neno kuanguka ni fupi. Watafiti wa sinema ya Kiswahili, ambao mara nyingi huhesabu mafanikio ya filamu kwa nakala zilizouzwa kihalali, wanakutana na ugumu unaofanana kila wanapojaribu kupima ukubwa wa hadhira ambayo hakuna aliyeiuzia tikiti.

6.0 Kilichobaki

Upande wa wamiliki wa majumba, ushindi ulikuwa kamili na wa muda mrefu. Studio kubwa zilikaa mbali na mchezo huo kwa miongo kadhaa. Ulipofika mwaka 2020 na majumba kufungwa kwa sababu ya ugonjwa wa Uviko-19, kampuni iliyojaribu tena ilikuwa Universal ileile: Aprili ya mwaka huo iliitoa Trolls World Tour kwa kukodishwa majumbani, na mnyororo mkubwa wa majumba ya sinema, AMC, ukatangaza kwamba hautaonyesha tena filamu yoyote ya Universal. Maneno ya hasira yalikuwa yaleyale ya 1983. Nguvu hazikuwa zilezile. Julai pande hizo mbili zilikubaliana kwamba filamu za Universal zingeweza kwenda majumbani baada ya siku 17 tu za upekee ukumbini.

Opereta yenyewe, kwa upande mwingine, ilipata mwenye nyumba mpya. Maneno ya Gilbert na noti za Sullivan ni za umma duniani kote, na shule, kanisa au kikundi chochote kinaweza kuzichukua bila kumlipa mtu. Lakini toleo la Papp, lenye mpangilio wa William Elliott na nyimbo mbili zilizoazimwa, ni kazi mpya kisheria, nalo hukodishwa kwa malipo kwa vikundi vya jukwaani. Kile ambacho George Lowell Tracy aliajiriwa kukifanya mwaka 1885, na mahakama ikakikataa, kimefanikiwa kimya kimya baada ya karne moja. Vikundi vingi vya Marekani vinavyopanga kucheza The Pirates of Penzance leo huanza kwa kuamua ni maharamia wapi wanaowataka: wale wa fidla, ambao ni bure, au wale wa sinthesaiza, ambao wana mwenyewe.